Kusuka mhusika katika Elden Ring: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Elden Ring ilitoka tarehe 25 Februari 2022, na hadi leo swali ni lilelile: runi (sarafu ya kununulia levo) ninazo, pointi niweke wapi? Gemu yenyewe haijibu. Inakuonyesha sifa nane, inakuachia uamuzi, halafu inakutuma kwa bosi, yaani adui mkuu, akakusahihishie mtihani. Majibu yaliyo hapa chini ni ya mtu aliyesahihishwa mara nyingi.

Hizo sifa nane ni zipi hasa?

Kwenye skrini zimeandikwa kwa Kiingereza, kwa hiyo tukubaliane majina kwanza. Vigor nitaiita Uhai: ndiyo urefu wa mstari mwekundu. Mind ni Fikra, yaani mstari wa buluu unaolipia uchawi, dua na mbinu maalumu za silaha. Endurance ni Ustahimilivu, mstari wa kijani wa pumzi pamoja na uzito unaoweza kubeba. Strength ni Nguvu, Dexterity ni Wepesi, Intelligence ni Akili, Faith ni Imani. Arcane nimeshindwa kuipa jina. Kila nililojaribu lilitoka kama tangazo la mganga, basi itabaki Arcane.

Ukipanda levo moja unapata pointi moja, na kila sifa inaishia 99. Ukizijaza zote nane unakuwa levo 713, lakini usiweke hilo akilini. Bei ya levo hupanda kila unaponunua nyingine, na walio wengi humaliza gemu kabla hata ya kufika 150. Ndiyo maana kuna haja ya kupanga: pointi ni chache na kila mdomo unataka kulishwa.

Nianze kwa kuchagua silaha au kwa kuchagua sifa?

Silaha. Au uchawi, kama huko ndiko moyo wako uliko. Watu wengi hufanya kinyume: wanaanza na "nataka kuwa na nguvu na akili na wepesi", wanagawa pointi kama wanaogawa sadaka, na wakifika levo 50 hakuna silaha hata moja wanayoitendea haki.

Kila silaha ina masharti yake ya kushikwa. Greatsword inadai Nguvu 31 na Wepesi 12. Claymore ni mpole zaidi: Nguvu 16, Wepesi 13. Rivers of Blood inataka Nguvu 12, Wepesi 18 na Arcane 20. Ukishajua unataka kushika nini, nusu ya mpango imejiandika. Unatimiza masharti, unajenga Uhai, kisha unachagua sifa moja ya kupigia na kuikuza. Moja. Mambo mengine yote ni mapambo ya juu ya hayo matatu.

Mhusika gani wa kuanzia ni bora?

Hili ndilo swali linalozua ubishi mwingi kuliko linavyostahili, na njia ya kulimaliza ni hesabu ndogo. Wretch, mmoja wa wahusika wa kuanzia, anaanza levo 1 akiwa na 10 kwenye kila sifa, jumla 80. Tangu hapo kila levo ni pointi moja. Kwa hiyo jumlisha sifa zote nane unazozitaka mwishoni, toa 79, na jibu ni levo utakayokuwa nayo. Kanuni hiyo inawahusu wahusika wote kumi.

Tuchukue mfano. Nataka Moonveil, ile katana inayoangushwa na Magma Wyrm ndani ya Gael Tunnel. Inadai Nguvu 12, Wepesi 18 na Akili 23. Mwisho wa safari nataka Uhai 40, Fikra 20, Ustahimilivu 20, Nguvu 12, Wepesi 18 na Akili 60. Imani na Arcane sizihitaji kabisa, nitabaki na zile alizozaliwa nazo mhusika.

Samurai amezaliwa na Imani 8 na Arcane 8. Jumla yake inakuwa 186; toa 79, levo 107. Prisoner amezaliwa na Imani 6 na Arcane 9, jumla 185, levo 106. Vagabond anayo Imani 9 na Arcane 7, lakini pia amekuja na Nguvu 14, mbili zaidi ya ninazohitaji: levo 109.

Kwa hiyo ubishi wote ule ni wa levo tatu. Anayekuambia umeharibu gemu kwa kuchagua Vagabond hajawahi kupiga hesabu hii. Kinachokugharimu si ulichonacho kidogo, maana hicho utakiongeza; kinachokugharimu ni kile ulichozaliwa nacho kingi na hukihitaji, kwa sababu huwezi kukipunguza hata ukipanga upya pointi zako.

Mwanzoni mwa safari ndipo tofauti inaonekana. Prisoner anashika Moonveil akiwa levo 23, Samurai akiwa levo 26. Lakini Samurai naye anaanza na Uchigatana mkononi na upinde mgongoni, na hizo saa za kwanza ndizo ngumu kuliko zote. Mimi humpendekeza Samurai kwa mgeni, na Vagabond kwa mgeni anayetaka kujificha nyuma ya ngao. Wretch mwachie mtu anayejua anachokifanya, au anayependa kuteseka.

Uhai unatosha ukiwa ngapi?

Zaidi ya ulionao sasa hivi. Nasema hivyo bila kukuona.

Mhusika wangu wa kwanza alikuwa Astrologer. Nilifika mbele ya bosi Margit, kwenye daraja la ngome ya Stormveil, nikiwa levo 30 na nimejiona mjanja: Akili 30, Fikra 20, pointi mbili kwenye Nguvu ambazo mpaka leo sijui ziliendaje huko, na Uhai 12. Uhai 12 ni HP 455 (HP ndicho kipimo cha mstari mwekundu). Margit ana ule mtindo wa kuinua fimbo na kuishikilia hewani. Wewe unakwepa mapema, yeye bado anakuangalia, ukisimama ndipo inashuka. Pigo la kwanza linaniachia uzi mwembamba mwekundu, nanyoosha mkono kwenye chupa ya kuponya, kisu cha dhahabu kinanifuata nikinywa. Hivyo hivyo jioni nzima. Nilirudi nyuma, nikatafuta runi za levo nane na zote nikaziweka kwenye Uhai. Uhai 20, HP 652. Sikuwa nimejifunza kukwepa. Ila sasa kosa moja halikuwa tena kifo, na ukipewa nafasi ya kukosea mara mbili tatu kwenye pambano moja, ndipo unaanza kuona mikono ya adui inakwendaje.

Sasa namba zenyewe. Uhai 25 ni HP 800. Uhai 40 ni 1450. Uhai 60 ni 1900. Uhai 99 ni 2100. Zitazame vizuri. Kutoka 25 hadi 40 kila pointi inakupa wastani wa HP 43. Kutoka 40 hadi 60 ni kama 22. Baada ya 60 ni 5 tu, makombo. Ndiyo maana utasikia kila mtu anataja 40 na 60: hivyo ni vituo vya kushukia. Ukipita 60 unalipa nauli bila kwenda popote.

Ratiba yangu: 20 kabla ya kuingia Stormveil, 40 kabla ya kuzama ndani ya mji wa Leyndell, na 50 hadi 60 ukishapanda kwenye milima ya theluji, ambako maadui wa kawaida tu wanapiga kama mabosi. Wapo wanaocheza na Uhai 15 hadi mwisho. Wameshacheza mara sita, wanajua kila pigo linatokea wapi. Usiwaige.

Kuna kisingizio kingine cha kupenda Uhai ambacho hakisemwi sana. Mimic Tear, yule pacha wako wa kuita vitani, halipiwi kwa mstari wa buluu. Anakunywa HP 660 zako. Mwenye Uhai 15 ana HP 522. Hata kumuita hawezi.

Nasikia Nguvu "inaongezeka" ukishika silaha kwa mikono miwili. Kweli?

Kweli, na ni zawadi kubwa mno. Silaha ikishikwa kwa mikono yote miwili, Nguvu yako inahesabiwa mara moja na nusu. Greatsword ile ya Nguvu 31 unaishika ukiwa na 21 tu. Giant-Crusher, rungu zito linalodai Nguvu 60, linakubali ukiwa na 40. Na ukiwa na Nguvu 66 unahesabiwa kuwa na 99, yaani umefika dari huku umelipa theluthi mbili ya bei.

Hero anaanza na Nguvu 16. Ndani ya levo nane, tano za Nguvu na tatu za Wepesi, ameshashika Greatsword kwa mikono miwili. Hakuna msuko (mpango wa mhusika) mwingine unaokupa silaha ya kutisha mapema hivyo.

Angalizo: ukishika silaha mbili, moja kila mkono, nyongeza hiyo haipo. Kila mkono unabeba mzigo wake wenyewe.

Kwa nini mhusika wangu anabingirika kama gunia?

Umevuka asilimia 70 ya uzito. Chini ya 30 unabingirika kwa wepesi wa paka. Kati ya 30 na 70 ni mwendo wa kawaida, ambao unatosha. Kuanzia 70 unaanguka kwa kishindo na kuchelewa kuinuka.

Mtu wa marungu ndiye huumia hapa. Ustahimilivu 25 unakupa uwezo wa kubeba uzito wa 72, na asilimia 70 yake ni kama 50. Giant-Crusher peke yake ina uzito wa 26.5. Umebakiwa na 23 na kitu za deraya, ngao na hirizi zenye uzito. Ama unavaa kofia na kuacha kifua wazi, ama unaongeza Ustahimilivu, ama unavaa hirizi inayoongeza uwezo wa kubeba. Mchawi mwenye fimbo na joho hana shida hizi na Ustahimilivu wake anaweza kuusahau kwenye 15 hadi 20.

Kabla hujaongeza pointi hata moja hapa, fungua menyu uone umebeba nini. Nimeshakuta watu wamening'iniza silaha nne, mbili hawajazigusa tangu Limgrave, eneo la mwanzo. Zivue. Zilizo mkobani hazina uzito, zinazohesabiwa ni zile ulizozivaa.

Arcane inaongeza kutoka damu kwa silaha yoyote?

Hapana, na kosa hili limepoteza pointi za watu wengi. Arcane inaharakisha damu kwenye silaha ambazo zenyewe zina herufi ya Arcane, yaani alama inayoonyesha kuwa silaha inanufaika na sifa hiyo. Uchigatana ya kawaida inatoa damu, ndiyo, lakini hata ukiwa na Arcane 80 kasi ile haibadiliki, kwa sababu silaha hiyo haina herufi hiyo. Ibadilishe iwe ya mkondo wa Blood (mkondo ni aina ya silaha unayoigeuza itegemee sifa fulani) ndipo Arcane inaanza kufanya kazi. Rivers of Blood inayo tangu kuzaliwa kwake.

Utamu wa damu ni kwamba ikilipuka inakata sehemu ya HP yote ya adui, kwa hiyo bosi mkubwa anaumia kikubwa. Uchungu wake ni kwamba wapo wasio na damu. Elden Beast, unayekutana naye mwishoni kabisa, haathiriki nayo hata kidogo. Mtu wa damu aliyezoea kumaliza kazi kwa dakika mbili hufika pale akajikuta anapiga upanga wa kawaida tu.

Zaidi ya hapo Arcane huongeza bahati ya maadui kuangusha vitu, na dua za majoka huitaka pamoja na Imani.

Msuko wa uchawi unaanzaje bila kufa njaa mwanzoni?

Kwa kumtumia farasi mapema. Namaanisha hivi: ukishampata Torrent, farasi wako, hakuna anayekuzuia kukimbia hadi eneo la Caelid ukiwa mchanga kabisa. Kwenye magofu ya Street of Sages, ndani ya bwawa jekundu la Aeonia, kuna Meteorite Staff. Inadai Akili 18, ina herufi ya S kwenye Akili, na haiboreshwi kwa mhunzi, yaani unaiokota ikiwa imeshakamilika. Magofu hayohayo yana uchawi wa Rock Sling, nao unadai Akili 18, na fimbo ile inauongezea makali. Astrologer anaanza na Akili 16. Levo mbili tu.

Rock Sling hurusha mawe, na pigo lake ni la kawaida, si la kichawi, jambo linalokuokoa dhidi ya maadui wanaodharau uchawi wa buluu. Wataniita mvivu, lakini nimepita nusu ya gemu kwa mawe.

Baada ya hapo mpango ni mfupi. Akili unaipeleka 60, ambako ndiko kwenye kituo cha kwanza na ndiko Comet Azur inapatikana, kisha 80 kama unataka kufika mwisho. Fikra 20 hadi 30 inatosha. Kinachojaza mstari wa buluu ni chupa, na idadi ya chupa za buluu na nyekundu unaigawa mwenyewe unapopumzika. Wepesi hupunguza muda wa kutamka uchawi hadi ufike 70, ila usiununue kwa ajili hiyo tu. Na Uhai. Wachawi hufa kwa sababu wanadhani umbali ni deraya.

Imani ina maana gani kama sitaki kuwa "mwombaji" mtupu?

Ina maana kubwa hata kwa kipande. Imani 15 inakupa Flame, Grant Me Strength, inayoongeza mapigo ya kawaida na ya moto kwa muda mfupi. Imani 25 inakupa Golden Vow, inayoongeza mashambulizi na ulinzi. Mtu wa upanga anayejipaka hizo mbili kabla ya kuvuka ukungu wa bosi ni mtu tofauti.

Anayetaka Imani kamili, silaha ya kumuelekeza ni Blasphemous Blade: Nguvu 22, Wepesi 15, Imani 21, inatokana na kumbukumbu ya bosi Rykard. Mbinu yake maalumu inatupa moto na kukurudishia HP. Ni rahisi kiasi cha kuona aibu.

Naweza kuchanganya Akili na Imani?

Unaweza, ila ujue unalisha watoto wawili kwa mshahara mmoja. Sword of Night and Flame inadai Nguvu 12, Wepesi 12, Akili 24 na Imani 24. Kushika tu kumekula pointi 48 kwenye sifa mbili, na bado hujaikuza hata moja kufikia pale inapouma. Msuko huo huanza kutamba baada ya levo 120 hivi. Kabla ya hapo utakuwa dhaifu kuliko mwenzako aliyechagua moja. Kwa mchezo wa pili ni raha tele. Kwa wa kwanza, acha.

Herufi S, A, B, C, D, E kwenye silaha zinasomwaje?

Zinaonyesha silaha inanufaika kiasi gani na sifa fulani, S ikiwa juu na E ikiwa chini. Lakini herufi ni kadirio. B mbili zinaweza kutofautiana sana. Dawa ni kutazama namba. Ukiwa kwenye skrini ya kupanda levo, ongeza Nguvu kwa moja, angalia upande wa kulia namba ya shambulio inapanda kiasi gani, rudisha, kisha jaribu Wepesi. Inayopanda zaidi ndiyo yako. Kisha ghairi, hujalipa chochote mpaka uthibitishe.

Silaha za kawaida unaweza pia kuzigeuza mkondo. Heavy huinua Nguvu na kuua Wepesi, Keen ni kinyume chake, Magic huielekea Akili, Sacred na Flame Art huelekea Imani. Utahitaji kisu cha kunolea kutoka Gatefront Ruins, na baadaye Iron Whetblade kutoka Stormveil ili Heavy na Keen zifunguke kwa uhuru. Kumbuka tu kwamba silaha iliyopewa uchawi au moto hugawa pigo lake mara mbili, na kila nusu inakutana na ulinzi wake. Namba kubwa kwenye menyu haimaanishi pigo kubwa mwilini mwa adui.

Nimepanda levo 20 lakini bado napiga kama namkuna adui. Kwa nini?

Kwa sababu hujaenda kwa mhunzi. Hili lingepaswa kuwa swali la kwanza.

Uchigatana ikiwa +0, yaani haijaboreshwa, ina pigo la msingi 115. Ikifika +25 ni 281. Hiyo ni kabla ya kuhesabu sifa zako, na nyongeza ya sifa nayo hukua pamoja na silaha. Katika nusu ya kwanza ya gemu hakuna idadi ya pointi za Wepesi itakayokupa kitu kama hicho. Silaha za kawaida huenda hadi +25, zile za pekee hadi +10 kwa mawe yao maalumu. Fuawe ya Church of Elleh inakufikisha +3 tu. Baada ya hapo nenda kwa mhunzi Hewg, Roundtable Hold. Mawe yanapatikana zaidi ndani ya migodi, na migodi kwenye ramani ni zile alama nyeusi za mviringo zenye ukingo mwekundu.

Mwenye silaha tano za +6 ni maskini kuliko mwenye moja ya +15.

Hirizi za kuongeza sifa zina faida au ni mtego?

Radagon's Soreseal, iliyomo Fort Faroth huko Caelid, inaongeza 5 kwenye Uhai, Ustahimilivu, Nguvu na Wepesi. Levo 20 bure. Gharama ni kwamba unaumia asilimia 15 zaidi. Mwanzoni ivae bila wasiwasi, maana levo 20 ni mlima na pointi zake zinahesabika pia kwenye masharti ya silaha. Ukifika levo 100 ivue: pointi hizo unazo tayari, na ile asilimia 15 mabosi wa mwisho wanaikusanya kwa riba.

Nimeharibu. Nianze upya?

Usianze upya. Mshinde bosi Rennala ndani ya Academy of Raya Lucaria, kisha urudi kuzungumza naye ukiwa na Larval Tear, chozi la kupangia upya. Atakupa pointi zako zote uzipange tena. Levo haibadiliki, na huwezi kushuka chini ya namba alizozaliwa nazo mhusika wako. Machozi hayo yana kikomo katika mchezo mmoja, kwa hiyo piga hesabu kwenye karatasi kwanza kwa ile kanuni ya kutoa 79. Nimeshuhudia mtu akithibitisha huku amesahau Wepesi wa silaha yake kwa pointi moja. Chozi moja kwa pointi moja.

Nisimame levo ngapi?

Ukicheza peke yako, popote unapotaka. Ukicheza na wengine, wengi hujisimamisha kati ya 125 na 150, kwa kuwa gemu hukutanisha watu wa levo zinazokaribiana. Inatazama pia kiwango cha silaha iliyoboreshwa kuliko zote ulizowahi kuwa nazo. Ndiyo maana mtu wa levo 30 mwenye silaha ya +20 hukaa akisubiri mwenzake na haji yeyote.

Nimeingia Shadow of the Erdtree na levo 150, nauawa kwa mapigo mawili. Msuko wangu umekwisha?

Msuko wako hauna tatizo. Nyongeza hiyo ya Juni 2024, ambayo hufunguka baada ya kuwashinda mabosi Radahn na Mohg, ina ngazi yake ya pembeni: vipande vya Scadutree unavyookota na kuvitolea kwenye mwanga wa grace, mahali pa kupumzikia. Baraka hiyo hufika 20, inaongeza kupiga na kuvumilia, na inafanya kazi ndani ya nchi ile ya kivuli peke yake. Levo zako 10 za ziada pale hazifikii vipande viwili. Zima hamu ya bosi, panda farasi, zunguka ramani, na tazama kwanza kwenye misalaba ya Miquella. Vipande kadhaa viko chini yake.